Lango Likiwa Wazi

Mume wangu Emmett Tuohy alikuwa seremala hodari kuliko wote pale studio ya Fort Lee, na sisemi hivyo kwa kuwa ni wangu. Lango la gereza alilolijenga kwa mbao na rangi lilimfanya hata polisi wa mtaani aligonge kwa kirungu, ahakikishe kama si chuma. Mimi nilikuwa nashona mavazi ya waigizaji humo humo.

Mwaka huo, 1913, ilikuwa inatengenezwa sinema bubu ya mwizi aliyetoka kifungoni akaamua kuishi kwa jasho lake. Lionel Hask, aliyemwigiza mwizi huyo, alitoka langoni kwa mbwembwe, akarusha kofia juu, akabusu ardhi. Uongo ule ulimkera Emmett. Akaweka nyundo chini, akamwendea mwongozaji, akamweleza kwa upole kwamba mtu aliyekaa ndani miaka saba hatoki hivyo. Lango likifunguliwa husimama tu, anangoja kuambiwa apite, maana miaka yote hiyo hajavuka mlango bila ruhusa. Alipoulizwa kajuaje, akasema alisimuliwa na baharia mwenzake.

Baharia! Emmett hata mtumbwi hajui kuupanda. Lakini miaka saba mizima nilikuwa nawaambia majirani mume wangu yuko baharini, na ndivyo tulivyomwambia pia msimamizi wa mafundi, Bwana Dorfler. Huyo hakuajiri mtu aliyewahi kufungwa, na wala hakuwa akilificha hilo. Siku atakayojua, kazi imekwenda.

Hask akafundishwa kusimama. Picha ikaonyeshwa Jumamosi mchana, ukumbi umejaa watu wa studio. Lango likafunguliwa, na Hask akabaki palepale, mikono imelegea. Watu wakaanza kucheka.

“Anangoja tramu huyo?” Dorfler akasema, akiwa safu ya mbele yetu. “Mlango uko wazi, bwege kaganda. Nani kaleta upuuzi huu?”

Emmett akanyanyuka. Nilimshika koti, kisha nikaliachia.

“Mimi, Bwana Dorfler. Nilisimama hivyo hivyo siku yangu. Miaka saba, kwa wizi, na sikuonewa.”

Mpiga kinanda aliyekuwa akiisindikiza picha kwa muziki akaacha kupiga. Dorfler akageuka taratibu.

“Uliniambia ulikuwa baharini.”

“Nilikudanganya.”

Basi nami nikasimama. Sijawahi kujivunia mtu kama nilivyojivunia mume wangu saa ile. Mwizi gani tena anayetupa kazi yake kwa sababu hataki watu wachekee kitu cha kweli?

“Tulikudanganya wote wawili,” nikasema. “Mimi ndiye niliyekuwa nje ya lango. Nilimwita mara tatu ndipo akatoka. Na tangu siku hiyo hajagusa cha mtu.”

Hakuna aliyecheka tena. Dorfler aliitazama picha, Hask bado kasimama pale, halafu akamtazama Emmett kama mtu anayepima ubao.

“Keti, Tuohy, unatuzibia,” akasema. “Na Jumatatu uje mapema. Kuna mlango wa mahakama wa kujengwa, na simpi mtu mwingine.”