Kadi Ikishatoka

Ukumbi wa shule ulinuka jasho na wali wa kunata tuliofungasha asubuhi. Vijana walipanga mstari vifua wazi, wakisubiri kutia mkono sandukuni. Kadi nyeusi, unarudi nyumbani. Nyekundu, jeshini miaka miwili. Mjukuu wangu Kaen alikuwa ameacha nyumbani mke mjamzito, miguu imevimba, hana wa kumtazama ila mimi na magoti yangu haya.

Zilibaki kadi nane, mbili nyekundu. Mbele ya Kaen alisimama Sorawit, mtoto wa mkuu wa kijiji. Akachota. Nyekundu.

"Zilinatana mbili!" baba yake akaropoka. "Afande, irudishe, achague upya."

Na yule afande, bila haya, akapeleka mkono juu ya tundu la sanduku! Damu ilinipanda mpaka masikioni.

"Hairudi!" Nikasukuma mabenchi hadi mezani. "Ikikaa nje, mjukuu wangu anakuta kadi saba, nyekundu moja. Ukiirudisha, na huyu akatoa nyeusi, anakuta saba, nyekundu mbili. Umemzidishia balaa mara mbili ili mtoto wa mkubwa akalale kwao!"

"Bibi, kaa chini," afande akanikemea. " Bahati ni bahati."

"Bahati gani inayokuja na baba yake?"

Akina mama wakaangua kicheko, kisha wakapiga makofi: "Ikae nje! Ikae nje!" Afande akajifuta jasho, akaiweka mezani, Sorawit akaandikwa.

Zamu ya Kaen. Akashika hirizi yake shingoni, akafumba macho, akachota.

Nyekundu.

Mkuu wa kijiji alicheka mpaka tumbo likatikisika. "Vipi, bibi? Hii nayo tuirudishe?"

Afande hakucheka. Aliishikilia kadi juu ya tundu, akinitazama, anasubiri kweli. Kaen naye akanitazama. Sandukuni zilibaki sita, zote nyeusi, na vijana sita mstarini. Mama zao, waliokuwa wakinipigia makofi sasa hivi, walikuwa wamebana vitambaa midomoni.

"Bibi," Kaen akasema taratibu, "mwambie."

Nikapiga meza mpaka kiganja kikawaka moto.

"Hairudi! Umeambiwa mara ngapi? Iandike!"

Nyuma yangu mama mmoja akaanza kulia kwa furaha. Nikamgeukia nikamwambia anyamaze.