Barua za Torborg

Halvdan Heggland aliandika tamthilia zake huko Roma, kwenye jua. Aliyezilipia ni dada yake Torborg, hapa kwetu kwenye mvua. Ndivyo tunavyosema sisi wa mji huu, na hatutanii.

Torborg alikuwa mwalimu wa wasichana katika shule ya usharika. Alizoea kumwandikia kaka yake habari za mji: nani kaoa, nani kafilisika, nani kagombana na nani baada ya ibada. Majira ya baridi fulani alimweleza habari za Jorunn, mtumishi wa hotelini, aliyejifungua bila mume akakataa kumtaja baba wa mtoto. Mtoto alikufa kabla ya kubatizwa. Torborg ndiye aliyemsindikiza Jorunn kwa Mchungaji Lassen kuomba kaburi. Mchungaji hakuinua hata macho.

"Kilichoingia duniani kwa mlango wa uani," alisema, "hakitapita lango la kanisa."

Mtoto akazikwa nje ya ukuta, kwenye magugu.

Mwaka uliofuata maneno hayo yalisikika katika tamthilia ya Halvdan, jukwaani mji mkuu Kristiania, neno kwa neno. Ukumbi mzima ulilia. Mwishoni mchungaji wa tamthilia alitubu, akafungua lango kwa mikono yake mwenyewe, na watu wakasimama kumpigia makofi.

Hapa kwetu hakuna aliyepiga makofi. Siku ile ya kuomba kaburi, chumbani walikuwamo Mchungaji, Jorunn na Torborg tu. Lassen, ambaye pia ndiye aliyesimamia shule, hakuhitaji mpelelezi.

"Mwalimu mwenye ulimi mrefu hafai kukaa na watoto wa watu," alimwambia Torborg. "Kusanya vitu vyako."

Jorunn naye akawa kichekesho. Vijana wa bandarini walimwigiza njiani, wakijishika vifua na kulia kwa madaha. Alikwenda kwa Torborg, akaingia bila hodi.

"Mwalimu, nilikueleza wewe. Sikuieleza nchi nzima!"

"Nilimwandikia kaka yangu tu, Jorunn."

"Na kaka yako ana mdomo mpana kuliko mlango wa ghala!"

Torborg alichukua kalamu na karatasi. Alimwandikia Halvdan kwamba amefukuzwa kazi. Yakarudi maneno mengi kuhusu ujasiri: simama imara, dada yangu, ukweli una gharama. Aliitupa barua ile motoni.

"Gharama!" alifoka peke yake jikoni. "Na anayelipa ni nani?"

Kiangazi, mheshimiwa Halvdan akarudi. Wajerumani walikuwa wamekwisha kumsifu, na kwetu sifa za ugenini huosha kila dhambi. Zikapandishwa bendera, zikapigwa tarumbeta, ikaandaliwa karamu hotelini. Na nani aliketi kuumeni kwa mgeni? Lassen yule yule, na kola yake nyeupe, akiinua glasi kwa heshima ya "mwana wa mji wetu". Halvdan akagonganisha glasi naye.

Torborg, aliyewekwa mwisho wa meza, akasimama.

"Kaka, kwenye tamthilia yako mchungaji anafungua lango. Huyu hapa ubavuni mwako. Mwambie afungue."

Lassen akaweka glasi mezani.

"Mwanangu," alisema Lassen, sauti laini kama siagi, "ile ni tamthilia. Sote tumeifurahia."

"Sisemi na wewe."

Halvdan aliikodolea macho sahani yake. "Torborg, hapa si mahali pake. Tutaongea kesho."

Jorunn alikuwa anahudumu, na sinia la samaki na viazi mkononi. Alilibwaga mbele ya Halvdan kwa kishindo, mchuzi ukamrukia hadi kwenye nishani aliyovaa kifuani.

"Kaburi liko hapo juu tu, bwana. Hata viatu havitachafuka. Twende ukamwone mtoto uliyemtangaza."

Hakuinuka mtu. Jorunn akavua aproni, akaitupa sakafuni, akatoka. Torborg akamfuata.

Asubuhi Torborg alimkuta kaka yake gatini, meli ya mvuke ikipiga honi.

"Nipe barua zangu."

"Zipi?"

"Zote. Najua unatembea nazo."

"Dada, nina tamthilia nimeifikisha katikati. Bila barua zako nitaujuaje mji huu?"

"Jana uliketi katikati yake. Ungefumbua macho."

Alijaribu kucheka, lakini abiria walikuwa wanatazama. Akafungua sanduku pale pale gatini na kumkabidhi furushi. Torborg hakungoja meli ing'oe nanga.

Gazeti la mji lilichapa hotuba nzima ya Lassen ya karamuni. Habari za sinia hazikupata hata mstari mmoja.

Vuli ile Torborg na Jorunn walichukua jiwe ufukweni kuliweka kaburini. Lilikuwa zito, nami ninayesimulia nikawasaidia kulibeba. Lassen akaamuru liondolewe, tukalirudisha. Akaamuru tena, tukalirudisha tena. Safari iliyofuata mchimba makaburi aliyetumwa kuliondoa, mzee Anfinn, aliweka sururu chini mbele ya waumini wote.

"Mchungaji, mgongo huu ni wangu," alisema. "Ukitaka jiwe litoke, lichukue mwenyewe."

Lassen alilitazama jiwe, akatutazama sisi tuliosimama pale bila kumpisha, akageuka kwenda zake. Jorunn akapiga magoti kwenye matope, akaanza kung'oa magugu.