Uso Ulioliwa na Kuvu

Hitima ya siku elfu tangu babake afariki ilipokwisha, na majirani wakaondoka na vifurushi vyao vya wali, Wening alifunga shuka jeupe kati ya nguzo mbili za uani. Alikuwa ametengeneza filamu ya dakika tatu, na mamake, Bu Sumirah, alikuwa hajaiona.

Ilitokana na ukanda mmoja wa zamani wa filamu, uliomwonyesha babake akiwa kwenye harusi ya jirani. Unyevu wa kwao Bantul uliukalia kabatini hata kuvu ikaula. Chuoni walimshauri ausafishe. Wening akakataa. Aliiacha kuvu itambae, uso uyeyuke kama sukari kwenye chai, ubaki mwanga mtupu. Wenzake walimsifu sana, lakini kati yao hapakuwa na mjane. Je, mama akiona kama mumewe anazikwa mara ya pili, tena kwa mkono wa mwanawe?

Projekta ilipowashwa, Bu Sumirah alibeba mkeka wake akaenda kuketi nyuma ya shuka, kama wanavyoketi watu kutazama vivuli vya vikaragosi vya wayang. Wening akajua amekimbiwa.

Uso ukaja, ukatabasamu, ukaanza kulika. Ami yake, Darso, akauliza kama mashine imelewa. Kisha nyuma ya shuka kikasikika kicheko kilichochanganyika na kwikwi. Wening akakimbilia huko.

“Nisamehe, mama.”

“Nikusamehe nini, Nduk, binti yangu? Mwaka mzima sasa nikifumba macho, uso wa babako hauji. Masikio nayaona, kofia naiona, katikati hamna kitu. Nikawa najiuliza, mimi ni mke wa namna gani. Kumbe na wewe anakutoroka?”

“Ananitoroka, mama. Kila siku.”

Bu Sumirah akashusha pumzi ndefu, kama aliyetuliwa mzigo wa kuni kichwani. Akajifuta macho kwa mtandio, akamwamuru Darso airudishe mwanzo. Safari hii mama na binti waliketi pamoja mkekani, magoti yakigusana. Kuvu ilipofika shavuni, Bu Sumirah akanyoosha kidole.

“Hapo ana wali wa kunata mdomoni. Shavu limejaa, na anaapa hajaonja kitu.”

“Mroho yule,” akadakia Darso kutoka upande wa pili wa shuka, na Wening akacheka hadi machozi yakamtoka.