Hakimu Asiyepewa Neno

Nahashon alikuwa dereva wa kampuni moja ya filamu mjini Riyadh, na abiria wake wiki ile alikuwa Mfaransa wa miaka sabini na minane, Gaston Lherbier. Mzee alikuwa ameigiza miaka hamsini bila kujulikana. Alikuwa mhudumu anayeleta kahawa, polisi anayebisha hodi, padri wa mazishini. Jina lake lilipita mwishoni, watazamaji wakiwa wameshainuka vitini.

"Safari hii mimi ni hakimu," alimwambia Nahashon kwa Kiingereza cha kukwaruza, wakielekea Jeddah. "Ukurasa mzima wa maneno! Sijawahi kupewa."

Njia nzima alikariri, Nahashon akimjibu kama mshtakiwa wa mauaji. Kufika mji wa Taif, hata dereva alikuwa ameyashika maneno.

Huko Jeddah, msaidizi wa mwongozaji, Rita, aliwapokea mlangoni pa studio.

"Bwana Gaston, tumebadilisha. Hakimu hasemi. Anatikisa kichwa tu, halas, basi."

Nahashon alingoja mzee afoke. Gaston alikunja karatasi zake, akavaa joho, akaketi, akatikisa kichwa mara moja. Ikatosha.

Wakirudi, aliomba gari lisimame jangwani. Akamsimamisha Nahashon mbele yake, akatoa hukumu yote bila kukosea. Nahashon aliinamisha kichwa, kana kwamba kweli ameua mtu. Kisha mzee akaingia garini, akafunga mkanda, wakaendelea na safari hadi Riyadh.

Mwaka uliofuata filamu ilianza kuonyeshwa. Siku yake ya mapumziko, Nahashon alikwenda, akakaa hadi jina la mwisho. Gaston hakuwamo, si sura, si jina. Alipotoka nje akapiga namba ya mzee. Alipokea binti wa Gaston, na Nahashon akajitambulisha.

"Baba alifariki Machi," alisema. "Filamu haijafika huku kwetu. Alituambia ndiyo kazi yake kubwa. Umeiona?"

"Nimeiona."

"Anaongea kwa muda gani?"

Nahashon aliegemea ukuta. Uongo ulikuwa tayari mdomoni. Akaumeza.

"Walimkata, dada. Hayumo kabisa."

Binti akashukuru kwa sauti ndogo na kukata simu.

Nahashon alibaki amesimama pale, watu wakimpita, roho ikimuuma. Hakujua anachojutia: kusema kweli, au kutompigia mzee alipokuwa hai.