Jina la Baba Mkwe

Mwajabu alimzaa mtoto yule, akamnyonyesha, akambeba mgongoni kutoka Mtawanya mpaka kwenye mikoko ya Salale, na kwa miaka mitatu yote hakumwita jina lake hata mara moja. Msimcheke. Mtoto alirithi jina la babu yake mzaa baba, na mke wa watu hamtaji baba mkwe wake. Ndiyo heshima aliyolelewa nayo. Kwa hiyo alimwita Baba. "Baba, njoo ule. Baba, acha mchanga huo." Jina lenyewe, Kondo, alimwachia mumewe Abdalah alitamke.

Kondo, kwa lugha ya kwao, ni vita. Mzee huyo, baba mkwe, alizaliwa siku kijiji kilipovamiwa, mama yake akajifungulia vichakani. Watu wale hawakuokota majina njiani.

Mara moja tu, kabla mtoto huyu hajazaliwa, Mwajabu aliteleza. Mzee alikuwa akinawa miguu mtoni, Mwajabu akaona mamba anakuja chini ya maji. "Kondo, mamba!" Mzee akaruka, akapona. Lakini mwezi haukuisha, binti wa kwanza wa Mwajabu, Mwamini, akafa kwa homa. Hakuna aliyemwambia neno. Wanawake walimtazama tu pale msibani, na kule kutazama kulimtosha maisha. Akaapa kwamba mdomo wake hautalitaja tena jina lile.

Kisha vita vikaja kweli. Abdalah alikunywa maji ya dawa, akaaga akicheka kwamba risasi zitageuka maji, akaenda Umatumbi, hakurudi. Kijiji kikachomwa, ghala na mpunga wake. Mzee akafa kwa njaa. Mwajabu akakimbilia mikokoni na mtoto, wakaishi kwa kaa na mizizi mwaka mzima, wawili peke yao. Mwaka mzima hakuna kiumbe aliyemwita mtoto yule Kondo.

Bunduki ziliponyamaza, njaa ikawatoa huko. Siku moja, karibu na Kibiti, alimlaza mtoto kivulini juu ya kaniki, akaingia msituni kuchimba ming'oko, viazi vya porini. Aliporudi alikuta kaniki tu. Askari wa wazungu walikuwa wakipita wakiokota watoto walioachwa na vita, nao walimwona wa kwake kama mmoja wao. Lo! Alikimbia na jembe mkononi, akifuata nyayo za viatu mpaka kambini.

Mbele ya ghala la kambi alikaa karani, Zubeiri, mtu wa Kilwa, kijana wa ukoo wa wafanyabiashara, kilemba safi na kalamu sikioni. Hakuwa mtu mbaya. Alipenda majina, tena alipenda kuonyesha kwamba anajua maana zake.

"Jina lako, mama?"

"Mwajabu."

"Ajabu hiyo. Baba wa mtoto?"

"Abdalah. Marehemu."

"Mja wa Mungu. Mungu amrehemu. Na mtoto?"

Mwajabu akainamisha kichwa. "Ana jina la baba mkwe wangu, bwana karani. Silitaji."

"Aka! Juzi hapa wanawake wawili wamegombea mtoto mmoja, hakuwa wa huyu wala wa yule. Bwana mkubwa ameamuru: asiyetaja jina haonyeshwi mtoto. Taja, umchukue uende zako."

"Ni hili lililotupata. Hili lililomuua mume wangu."

"Njaa? Shida? Taabu?" Karani alijua Kiarabu cha chuoni, lakini lugha ya watu wa mto hakuijua hata salamu. Mwajabu akageuka kutafuta mtu wa kumsemea. Hakuona hata sura moja ya kwao.

Basi akapaza sauti kuelekea ghalani. "Baba! Baba wee!"

Jamani. Ghalani mlikuwa na watoto thelathini, na wote wakaangua kilio kwa pamoja, "Baba! Baba!", kila mmoja akimlilia wake. Askari akamsukuma atoke mlangoni, kwa kitako cha bunduki.

Jina lilimfika kwenye meno. Alilisikia pale, zima, linataka kutoka. Moyoni akamwona Mwamini amefungwa kwenye mkeka wa maziko, akamwona na mwanawe huyu amefungwa vilevile, akafumba mdomo.

"Nina mama mkwe kule Chumbi," akasema. "Ndiye mwenye kunifungua mdomo. Nipe siku nne."

"Nenda, mama. Lakini mimi sikuahidi kitu."

Alitembea siku mbili, akavushwa mto kwa mtumbwi, akamkuta mama mkwe wake, Bi Biasha, juu ya dungu akifukuza ndege katika kijaruba kimoja cha mpunga kilichobaki. Bibi akasikiliza mpaka mwisho, akaweka mikono kichwani.

"Mkaza mwanangu! Ulikuwa mlangoni?"

"Nilikuwa mlangoni, mama."

"Umemwacha mjukuu wangu mlangoni, umekuja kuniomba ruhusa mimi?"

"Nilimwogopea, mama. Mwamini..."

"Mwamini aliuawa na homa! Mwaka ule tulizika watoto saba, na mama zao hawakumtaja mtu. Mzee mwenyewe alikuwa akiniambia usiku, jina langu kinywani mwa mke wa Abdalah ndilo lililonitoa kinywani mwa mamba. Alikusifu mpaka anakufa. Ila baba mkwe hamsifu mkwewe usoni, nawe hukuambiwa. Na mimi sikukwambia. Mimi nami!" Bibi akalia.

Akachota maji kwa kata, akatia unga kidogo, akamsukutulisha mara tatu. Mwajabu aliyaonea maji yale uchungu, maana alikwisha kuyaona maji ya dawa ya mumewe, yasivyomwokoa. Kisha bibi akamwambia, "Sema."

"Kondo," Mwajabu akasema. Hakuna kilichoanguka. Ndege walikuwa wakila mpunga tu.

Hakungoja hata uji. Njia nzima alilisema jina lile, kwa sauti, kwa kunong'ona, na mtumbwini mvushaji alimdhania amerukwa na akili. Siku ya nne alasiri aliingia kambini mbio, hakupiga hata hodi.

"Kondo! Mwanangu anaitwa Kondo bin Abdalah!"

Karani akaweka kalamu chini. Mlango wa ghala ulikuwa wazi, ndani pamefagiliwa.

"Wamechukuliwa jana asubuhi, mama. Wamepelekwa Dari Salama kwa meli, kwa wazungu wa misheni." Akafunua daftari, akapitisha kidole, akakisimamisha kwenye mstari mmoja. "Kondo hamna. Alikuwapo mmoja mdogo, ana kovu gotini."

"La kushoto. Alianguka juu ya mizizi ya mikoko."

"Nilimuuliza jina mara tatu. Alisema, Baba. Nikaandika hana jina. Wazungu wakasema mtoto hawezi kusafiri bila jina, wakampa lao." Akalisoma taratibu, kwa taabu. "Vilihelimi."

Mwajabu akakaa chini kwenye vumbi. Hakulia bado. "Maana yake nini?"

Yule aliyejua maana ya kila jina akalifunga daftari lake. "Sijui, mama. Ni la mfalme wao. Maana yake sikuambiwa."

Hapo ndipo alipolia. Alimlilia Abdalah, akamlilia mzee, akajililia na mdomo wake, na karani akageuza uso. Maji yakimwagika hayazoleki, kila mtu anajua, lakini nani huacha kuinama?

Kulipopambazuka watu walimwona njiani, jembe begani, ameelekea Dari Salama. Alikuwa akilirudia jina lile la kigeni, silabi kwa silabi, anakosea, anaanza tena. Akifika alitaka awe analiweza. Lile la Kondo, yeye hakuwahi kumfundisha mtoto kuliitikia. Hili labda wazungu wangekuwa wamekwisha kumfundisha.