Mstari wa Phyllis Hadi Mtoni

Jumamosi, alipotoka kupeleka majani ya chai kwenye kituo cha kuuzia, Phyllis alifungua mkebe wa hesabu wa binti yake Moureen, akatoa rula na ile pembetatu ya plastiki. Aliacha shule darasa la nane, lakini mistari sambamba haikuwahi kumtoka. Unaegemeza pembetatu kwenye rula, unachora. Unashika rula isicheze, unasukuma pembetatu, unachora tena. Mistari hiyo haikutani hata ukiivuta mpaka Kisumu.

Baba mkwe wake aliwagawia wanawe shamba kwa vipande virefu, kutoka barabarani hadi mtoni, upana ule ule juu na chini, ili kila mmoja apate njia na maji. Tangu mume wa Phyllis afariki, shemeji yake Bethwel alikuwa aking'oa miche ya mpaka na kuisogeza. Juu barabarani hakugusa, maana huko watu wanaona. Chini, kipande cha Phyllis kilibanwa mwaka baada ya mwaka, kikaisha kabla ya mto. Ng'ombe wake sasa alikunywa maji ya kubebwa kichwani.

Alichora mpaka wa kulia, ambao haukuwa na ugomvi. Akasukuma pembetatu, akachora wa kushoto, upande wa Bethwel. Huu wa pili ulifika mwisho wa karatasi ukaendelea. Ulishuka mguu wa meza, ukapita chini ya mlango, ukakata katikati ya chai hadi mtoni, mwembamba, wa penseli. Mvua ya saa nane ilinyesha na haukufutika. Kuku waliuruka.

"Mama, imefika kwa maji," Moureen alisema, akaendelea kumenya viazi.

Jumatatu wazee wa ukoo walikuja kuamua mpaka. Mzee Kiptum alifunga jicho moja, akautazama mstari kutoka mlangoni. Safu kumi na tisa za chai ya Bethwel zilikuwa upande wa Phyllis.

"Laini imenyooka," akasema. "Hapo hatuwezi kudanganya."

"Basi arudishe."

"Pole pole, Mama Moureen. Wewe uko na msichana peke yake. Ataolewa. Sasa hii shamba itaenda wapi?"

"Itaenda mtoni, vile baba mkwe alisema."

Wazee walicheka kidogo, wakamaliza chai, wakasali, wakaenda. Phyllis alilia kwa hasira mpaka kichwa kikamuuma.

Bethwel hakuukana mstari. Kila asubuhi akienda kuchuma aliinua buti asiukanyage. "Chamgei, shemeji," alisalimia, kwa heshima zote.

Mvua za Aprili zilipoanza, alileta miche mipya, akaipanda upande wa Phyllis. Wengine hufunga kamba kwenye vijiti ili safu zisipinde. Bethwel hakuhitaji kamba. Safu ya kwanza aliiweka kando ya ule mstari, na zilizofuata akazipima kutoka hapo, zikanyooka kuliko za mtu yeyote huku Litein. Phyllis alizitazama, akajitwika mtungi, akaenda mtoni kwa kuzunguka barabarani.