Sauti ya Dereva wa Waziri

Mfasiri alianza kuchunguza mauaji ya Waziri kabla hajaoa. Hakutumwa na mtu wala hakulipwa. Ilikuwa kiu yake tu. Kisha mapenzi yakamchanganyia mambo: binti aliyempenda alikuwa mtoto wa dereva aliyeuawa pamoja na Waziri, yule ambaye mji mzima uliamini alimuuza bosi wake. Ripoti ya tume ilisema dereva alisimamisha gari njia panda bila sababu. Maneno hayo machache yaliwatosha watu. Shuleni watoto wake waliitwa vifaranga vya msaliti, na mjane wake akazoea kwenda sokoni alfajiri, kabla ndimi hazijaamka.

Majalada ya siri yalipofunguliwa baada ya miaka mingi, binti huyo, sasa mkewe, alimwomba jambo moja.

"Chimba tu, mume wangu. Ila ukikuta ni kweli, niambie mimi kwanza. Mama asikie kwangu."

Tangu hapo kazi ikawa nzito. Mfasiri alishinda kwenye chumba cha kusomea cha jengo la nyaraka, chini ya feni iliyolalamika kutwa, akifunua kurasa zilizozibwa mistari kwa wino mweusi. Kila alipoona neno dereva, aliusoma mstari ule mara mbili. Majalada yaliimba wimbo ule ule wa tume, kama kasuku. Mpaka moja likataja, kwa kupita tu, kwamba mawasiliano ya redio ya gari yalirekodiwa.

Akaomba kanda. Mtunza nyaraka akamwambia zimeshahamishiwa kwenye kompyuta, akamkalisha pembeni na kumpa spika za masikioni.

Kwanza mkwaruzo, halafu mtu akikohoa.

"Dereva wa Waziri hapa. Mbele kuna watu wamefunga njia. Naomba nigeuze."

Sauti nyingine ikamjibu bila haraka: "Simama hapo hapo. Ni amri."

"Mzee yumo ndani, siwezi kusimama. Nageuza."

Gia ikakwaruza, injini ikanguruma, kisha risasi.

Mfasiri alipovua spika, shati lilikuwa limemganda mgongoni. Aliyetoa amri hakutajwa jina. Kumtafuta kulibaki kazi nyingine. Lakini mzigo mmoja ulikuwa umetua. Akaomba nakala, akatoka hadi kwenye ngazi na kumpigia simu mkewe.

"Aligeuza gari," alisema.

Mkewe akashusha pumzi kama mtu aliyeibuka kutoka majini.

Jumamosi walikwenda kwa mama. Mfasiri akamwamkia, akamwachia mkewe aseme. Binti alimweleza mama yake taratibu, asije akashtuka, akamwambia pia kwamba sehemu ya mwisho, ile ya risasi, wameikata. Mama akaiweka sikioni simu yenye nakala ile. Kile kikohozi kilipopita, akatabasamu.

"Ndiye. Hata kuniposa alianza kwa kukohoa."

Akasikiliza hadi mwisho, akairudia. Binti akamuuliza kama aliwahi kumshuku hata siku moja.

"Nilijua hakufanya, mwanangu. Ila kujua peke yako kunachosha."

Mashemeji wa Mfasiri, walioitwa waje kusikiliza, walipoanza kumiminika, walimkuta mama yao amelala fofofo kwenye kochi mchana kweupe, anakoroma. Hakuna aliyethubutu kumwamsha. Wakavua viatu mlangoni, wakajibana jikoni, wakapokezana simu ile kwa zamu, wakicheka chini chini na kufuta machozi kwa mikono ya mashati.